Mvuke wa Zambarau

Dresden, 14 Januari 2024

Shangazi Selpher,

Nimekupigia simu Krismasi, nikapiga Mwaka Mpya, na jana tena. Inaita mpaka inachoka. Baba anasema u mzima, kwamba ulikuja Khayega mkachinja ingokho mkala pamoja na ukarudi zako Shieywe. Mitchel naye kaniambia, "Andika tu, Mama anapenda barua." Basi nimeandika. Binti yako atakuonyesha hii kwenye simu yake. Ukinijibu kwa mkono wako, apige picha anitumie. Lakini sauti yako nimeikosa.

Baba kaniletea swali lako: "Uliza huyo mtoto kama anatengeneza roketi au hatengenezi." Sitengenezi roketi, Shangazi. Roketi ni lori linalobeba mzigo kutoka ardhini. Mimi natengeneza injini ya mzigo wenyewe. Chombo chetu ni setilaiti ndogo, kingeingia ndani ya kikapu cha kiondo. Kikishaachwa huko juu hakina nguvu ya kwenda popote. Kinaizunguka dunia vile kilivyoachwa, na kipande cha chuma kikija mbele yake hakiwezi hata kupisha. Mimi na wenzangu tunakitafutia miguu. Injini yote ni kama kopo la majani ya chai.

Tukifaulu, kitarushwa mapema mwaka ujao.

Mwana wa kaka yako,
Ayuma

*

Shieywe, Kakamega, 29 Januari 2024

Mulembe, Ayuma.

Barua yako nimeisoma mara mbili: kwanza kama shangazi, kisha kama mwalimu wa Kiswahili aliyestaafu. Shangazi amefurahi. Mwalimu anasema kiondo ni kikapu tayari, kwa hiyo "kikapu cha kiondo" ni kutia maji kwenye maji.

Simu usiihangaikie. Imeharibika mahali pa kusemea. Mimi nakusikia, wewe hunisikii. Ya nini tabu hiyo?

Nina jambo linalonisumbua tangu nilipoisoma barua yako. Mtu akitembea anaisukuma ardhi. Mwenye mtumbwi anasukuma maji. Ndege inasukuma hewa. Huko kwenu unasema hakuna ardhi, hakuna maji, hakuna hewa. Basi hiyo injini inasukuma nini? Nilimwuliza mchungaji wetu baada ya ibada, akasema ni uwezo wa Mungu. Nikamwambia uwezo ninaujua, ninachouliza ni njia aliyoitumia. Quinter, yule tunayeimba naye sauti ya kwanza, anasema umetudanganya sote na huko Ujerumani unauza dukani.

Nijibu vizuri. Nataka kumnyamazisha.

Shangazi yako,
Selpher

*

Dresden, 11 Februari 2024

Shangazi,

Mwambie Quinter hivi. Akumbuke njia ya kushuka mtoni kule Khayega mvua ikinyesha, ule udongo mwekundu unaoteleza kama umepakwa mafuta. Asimame hapo katikati, miguu pamoja, amekumbatia jiwe zito. Hana cha kushika. Sasa alirushe jiwe mbele kwa nguvu zake zote. Yeye ataenda wapi? Atateleza kurudi nyuma. Hakusukuma ardhi wala hewa. Alisukuma jiwe, na jiwe likamsukuma yeye. Injini yetu ni hiyo. Inabeba mawe yake yenyewe na kuyarusha nyuma, moja moja, madogo kuliko jicho linavyoweza kuona, kwa mwendo ambao hakuna risasi inayoufikia.

Nguvu yake itakuchekesha. Weka punje moja ya mchele kiganjani: huo uzito unaousikia ndio msukumo wetu wote. Lakini huko juu hakuna cha kuuzuia, na injini inaweza kusukuma saa baada ya saa, wiki baada ya wiki.

Sasa hapa ndipo pananifurahisha. Hayo mawe ni nini? Wengi hutumia gesi inayoshindiliwa kwenye mtungi mzito. Sisi, kama wengine wachache waliotutangulia, tunatumia iodini. Ndiyo, ile ya kwenye chumvi! Ikiwa baridi ni vipande vyeusi vinavyong'aa. Ukiipasha moto kidogo inageuka mvuke wa zambarau, mzuri ajabu. Mara ya kwanza kuuona nilisahau kuandika vipimo.

Nilimkumbuka Kukhu, mama yenu, na lile rovu lake, ule uvimbe wa shingo aliokuwa akiuficha kwa kitambaa kwenye picha zote. Udongo wetu wa milimani hauna iodini ya kutosha. Laiti angepata kidogo tu ya hii ninayoichezea hapa kila siku!

Ayuma

*

Shieywe, 3 Machi 2024

Mwanangu,

Quinter amenyamaza. Nilimsomea mbele ya kwaya nzima—yaani Mitchel ndiye aliyesoma, mimi nina mafua yasiyoisha—na mzee Shikanga wa besi akasema ataijaribu ile ya jiwe. Tumemzuia.

Usiku nalala nikiwaza kitu kinachosukumwa na uzito wa punje ya mchele. Ina maana mtu akiwa na subira, hahitaji nguvu?

Nina swali jingine, la hapo mwisho wa barua yako. Kuna mtu kanisani petu, simtaji jina, ana uvimbe kama ule wa mama yetu. Si mtoto, ni mtu mzima wa makamo yangu. Je, huyo naye akipata iodini, uvimbe utarudi ndani? Au hiyo ni kinga ya watoto tu? Wewe uliye karibu nayo utajua.

Mvua imeanza. Mrenda umeota mpaka mlangoni.

Selpher

*

Dresden, 19 Aprili 2024

Shangazi mpendwa,

Samahani kwa kukawia. Kesho kutwa tunaifungia injini ndani ya tangi kubwa tunalonyonya hewa yote, tuone kama itafanya kazi kama ikiwa angani. Sijala mezani wiki hii yote, nakula nimesimama.

Kwa haraka: huyo mtu wa kanisani, mwambie ahakikishe anapata iodini. Itamsaidia.

Niombee.

Ayuma

*

Shieywe, 26 Mei 2024

Ayuma mwanangu mpenzi,

Nakuandikia nimesimama, kukaa siwezi! Leo tangu alfajiri nimefua mapazia yote, nimelima kipande cha nyuma, nimepanda sukuma, nikaing'oa, nikaipanda upya kwa mstari ulionyooka. Mitchel anasema nimerudi msichana. Nguo zimenipwaya, Quinter ananiuliza siri. Joto tu ndilo linanisumbua. Hapa watu wamevaa sweta kwa mvua hii, mimi nafungua madirisha.

Nilisahau kuuliza, mawe yakiisha? Hiyo iodini ikimalizika koponi chombo kitafanya nini? Kitabaki huko milele? Na mvuke mlioutupa nyuma unakwenda wapi? Haumpigi mtu? Na kwa nini zambarau, kwa nini si nyeupe kama mvuke wa sufuria? Ningekuwa bado darasani ningewauliza watoto. Nina maswali mengi, yanakuja kabla sijamaliza la kwanza, moyo wenyewe unakimbia kuyafuata.

Tangi limesemaje?

Selpher

*

Dresden, 9 Juni 2024

Shangazi Selpher,

Natumai barua hii inakukuta salama. Hapa sote hatujambo. Majaribio yanaendelea vizuri na wenzangu wananisaidia sana. Majira ya joto yameanza na miti imependeza.

Maswali yako nitayajibu nikipata nafasi. Ila mwandiko wako umebadilika. Herufi zako zilizokuwa zimesimama kama wanafunzi gwarideni, sasa zinatetemeka. Ni kalamu?

Nakusalimu sana,
Ayuma

*

Shieywe, 18 Juni 2024

Ayuma,

Ni kalamu.

Nimesahihisha insha maisha yangu yote. Barua yako ni safi kama ya mtoto aliyenakili kwa jirani. "Miti imependeza"! Tangu lini wewe ukatazama miti? Hukutaja injini hata mara moja, na wewe huwezi kuomba maji ya kunywa bila kuitaja. Kuna kitu kimevunjika. Niambie ni nini, usinifiche kama

(Samahani, nimepumzika kidogo.)

kama vile mimi ni mgonjwa.

Selpher

*

Kakamega mjini, 2 Julai 2024

Ayuma, mambo.

Ni Mitchel. Mama hajui kama nakuandikia, na ningepiga simu lakini nikianza kusema nitalia tu.

Jumapili alianguka kanisani. Alikuwa amesimama na kwaya, akashika kifua, akakaa chini polepole. Tulimkimbiza hospitali. Moyo ulikuwa unapiga ovyo, mwili moto, mikono inatetemeka hawezi kushika kikombe. Daktari, anaitwa Wangila, alimtoa skafu shingoni. Ayuma, ni rovu. Kubwa. Ako nalo miaka mingi, lakini lilikuwa dogo, na mimi alikuwa ananiambianga ni unene tu. Mwaka jana lilianza kukandamiza koo. Sauti ikaanza kukwaruza. Ndiyo maana hashikangi simu yako. Ile simu haina shida yoyote. Yule wa kanisani ni yeye, huyo "mtu simtaji jina."

Halafu daktari akamwuliza anakunywa dawa gani. Akageukia ukuta. Mimi nikaenda nyumbani nikapata chupa nyuma ya sufuria. Matone ya iodini, alinunua kwa mama mmoja anayeuza virutubisho sokoni. Alianza Aprili. Alipoona uvimbe haupungui, akaongeza.

Daktari anasema kwa rovu la zamani hivyo, iodini nyingi ni kama kumwagia moto petroli. Sasa amempa dawa ya kutuliza. Leo nimemsongea obusuma, amekula kidogo. Anauliza kama umeandika.

Sikulaumu. Lakini mwandikie.

Mitchel

*

Dresden, 3 Julai 2024

Shangazi yangu,

Mitchel ameniambia. Usimgombeze.

Nimesoma tena ile barua yangu ya Aprili. Mistari miwili. Uliniuliza swali kama mtu anayeuliza njia gizani, nami nikakujibu kama mtu anayepanda basi. Sikumwuliza daktari yeyote. Sikuuliza uvimbe una muda gani, wala mtu huyo ni nani. Najua iodini ya kwenye injini, nikadhani naijua iodini yote. Nisamehe.

Umetaka kujua kilichovunjika, na sasa sina uso wa kukuficha. Siku ile ya tangi, injini iliwaka. Kupitia kidirisha tuliona mwanga wake, tukapiga makofi. Kisha ukafifia, ukazima. Iodini ilipokuwa ikipita kwenye mrija ilikutana na sehemu iliyopoa, ikaganda hapohapo, njia ikaziba. Nilichofanya mimi? Nikaongeza moto, na nikaongeza tena. Katrin, mwenzangu, aliniambia, "Ngoja." Sikungoja. Mvuke ukatoka kwa kishindo ukaila vali yote, maana iodini hula chuma. Injini iliharibika, na profesa ametupa mpaka vuli. Tusipokuwa na nyingine inayofanya kazi, chombo kitaruka bila injini.

Nilidhani nikikuandikia miti hutaona.

Ayuma

*

Shieywe, 15 Agosti 2024

Mulembe, Ayuma.

Tazama herufi zangu. Zimeanza kusimama.

Kwanza, kosa langu usinipokonye. Wewe ulisema "apate iodini." Hukusema akanunue chupa kwa mtu asiyemjua, anywe asubuhi na jioni, na nafuu isipokuja aongeze. Hayo niliyatunga mimi, mwenye cheti cha ualimu. Nawe ungenijibuje sawasawa, ikiwa nilikuuliza habari za mtu asiyekuwepo? Tuyaache.

Daktari Wangila alinichorea picha nyuma ya bahasha. Nilimwomba, maana hakuna anayenieleza kitu nikiwa kitandani, wote wananipapasa mkono tu. Akasema shingoni kuna kitezi kama kipepeo, na chakula chake ni iodini. Changu kilishinda na njaa miaka mingi, kikavimba kwa kuitafuta, kikaota vinundu. Vile vinundu, kwa kukaa na njaa, vilikoma kusikiliza amri ya mwili. Vinafanya kazi vinavyotaka. Nilipovimwagia iodini vikafanya kazi kama vichaa, na mwili wote ukakimbia navyo. Ndiyo maana nilipanda sukuma mara mbili! Nilicheka mpaka akadhani nalia.

Kwa hiyo iodini inaweza kusukuma shangazi pia.

Sasa hili ndilo gumu. Nikitulia kabisa, wataukata uvimbe. Mshipa wa fahamu unaoendesha sauti umepita nyuma yake tu, mwembamba kama uzi. Aliniambia wazi: mara nyingi unapona, mara chache hauponi. Ayuma, hapa mjini mimi si tajiri wala si mrembo. Watu wananijua kwa sauti. Hata wakati wa mazishi ya mama nyimbo nilizianzisha mimi. Ndiyo maana sikukushikia simu: nilitaka wewe, huko mbali, ubaki na ile sauti nzima. Nikiukataa upasuaji nitazidi kukabwa. Nikiukubali, huenda nisiimbe tena. Sijaamua.

Nieleze, mrija ulioganda unazibuliwaje bila kuongeza moto?

Selpher

*

Dresden, 20 Oktoba 2024

Shangazi,

Hauzibuliwi. Hilo ndilo lililotuchukua miezi. Nilikuwa natafuta namna ya kuzibua, Katrin akaniuliza kwa nini unaganda pale tu na si kwingine. Tukapima joto la mrija wote, sehemu kwa sehemu. Kumbe mahali mrija unapoungana na vali, waya wa kupashia joto haukugusa vizuri. Pengo jembamba kama karatasi! Tuliuzungusha waya upya, tukabadilisha na chuma cha vali. Kisha tukapasha mrija wote joto la upole, lilelile kutoka mwanzo hadi mwisho, ndipo tukafungua iodini, kidogo.

Jana injini imewaka ndani ya tangi mchana kutwa. Haikuzima mpaka tulipoizima sisi. Nilitoka nje nikaitazama ile miti kweli. Nusu ya majani yake yalikuwa chini.

Kuhusu mengine uliyouliza Mei: mvuke tuliourusha unatawanyika, haumpigi mtu. Iodini haitumiki yote. Tunabakiza ya mwisho kwa kukipunguzia chombo mwendo, kishuke kiungue hewani, kisiwe takataka njiani kwa wengine. Kwa nini zambarau, nilimwuliza mtu wa kemia, akaeleza kwa saa nzima, nami nitakueleza nikija nyumbani maana inahitaji ubao.

Kuhusu shingo yako sitakushauri kitu. Nimejifunza. Lakini nilimwuliza daktari wa hapa maswali ya kumpelekea Wangila, nimeyaandika kwenye ukurasa wa pili. Mwulize yote. Usimwachie kupapasa mkono wako.

Ayuma

*

Shieywe, 12 Januari 2025

Ayuma,

Wangila aliyasoma maswali yako, akaniuliza, "Huyu ni daktari?" Nikamwambia ni fundi injini. Akajibu yote. La tatu lilimfanya aite mwenzake.

Wiki iliyopita niliimba nyumbani, peke yangu, nikiwa nimefunga madirisha. Nilitaka kusikia kilichobaki. Si kingi. Ninachokilinda, mwanangu, kimekwisha kuondoka nusu. Nimeweka sahihi. Upasuaji ni mwezi wa tatu.

Quinter ataongoza kwaya. Amelia, kisha akauliza kama anaweza kubadilisha nyimbo mbili ambazo hakuzipenda kamwe. Nimemruhusu moja.

Chombo chenu kinaruka lini?

Selpher

*

Dresden, 13 Machi 2025

Shangazi,

Mitchel anasema umetoka chumba cha upasuaji salama na umelala. Nakuandikia ili uamkapo uikute.

Kiliruka wiki tatu zilizopita. Sikukuambia kwa sababu kuruka si kazi yetu, ni kazi ya lile lori. Yetu ilikuwa juzi. Tulikaa sote mbele ya meza, hakuna picha, hakuna sauti, ni mistari ya namba tu inayokuja chombo kikipita juu ya kituo cha kusikilizia. Tulituma amri: pasha mrija. Tukangoja kipite tena. Joto sawa. Tukatuma: fungua. Kikazama upande wa pili wa dunia, hatukijui kiko hai au kimekufa. Katrin alinishika mkono akaufinya mpaka ukauma.

Kiliporudi, injini ilikuwa ikiwaka. Ilisukuma kwa saa nzima kisha ikajizima ilivyoagizwa. Asubuhi yake tukapimiwa njia ya chombo. Kilikuwa kimepanda, Shangazi. Mita mia na hamsini hivi, kama uwanja wa mpira na nusu yake. Hakuna aliyekigusa. Kimepanda chenyewe.

Ayuma

*

Wodi ya wanawake, Kakamega, 19 Machi 2025

Mulembe, mwanangu.

Nilipozinduka, Wangila aliniambia niseme chochote. Nikasema, "Nionyeshe." Ilitoka kama mlango wenye kutu, lakini ilitoka. Hakuelewa. Nikarudia: nionyeshe ulichokitoa. Mitchel alifunika macho, wauguzi wakatazamana. Alikwenda mwenyewe akakileta kwenye bakuli la chuma.

Ni kikubwa kama parachichi, kina vinundu kama tangawizi, chekundu kuliko nilivyodhani. Nilikitazama sana. Nimekibeba miaka yote hiyo na hatujawahi kuonana. Nilimwuliza ni kinundu kipi kilichokuwa kichaa zaidi. Alisema hajui, labda vyote. Nikamshukuru, akakiondoa.

Sauti ya kwanza imekwenda, hilo nimelisikia mwenyewe. Iliyobaki ni ya chini, ina mikwaruzo, na ikichoka inakatika. Daktari anasema tungoje miezi. Mzee Shikanga ameshatuma salamu kwamba kwenye besi kuna nafasi.

Jana mchana mvua ilinyesha, wageni hawakuja, watu wodini wakabaki kutazama dari. Nikaomba simu ya Mitchel. Nikasimama kando ya kitanda, nikawasomea barua yako kwa sauti. Ilikwama mara nyingi. Palipokwama nilimeza mate, nikaendelea. Nilisoma habari za mrija, za kungoja, za mwenzako kukufinya mkono. Wanawake waliinuka kwenye mito. Mmoja aliyelala dirishani, mtu wa Matete ambaye tangu nifike hajasema neno na mtu, akainua kichwa.

"Mwalimu," akaniambia, "rudia hapo kilipopanda."

Nikarudia.

Shangazi yako,
Selpher